Leseni Yangu, Fremu Yake

Sisi tunaopanga fremu, yaani vyumba vya biashara, Dar es Salaam, hasa kwenye zile nyumba za kuishi zilizotobolewa ukuta wa mbele zikawa maduka, tunanyamazishwa kirahisi sana. Mwenye nyumba hahitaji notisi wala wakili. Anasema tu, "Wewe mwenyewe huna leseni, utanipeleka wapi?" Nimeambiwa hivyo mimi, akaambiwa jirani yangu fundi cherehani, akaambiwa pia kijana wa simu wa fremu ya pembeni. Mpangaji akisikia hayo hufungasha vyombo vyake na kuondoka. Anajiona ana doa mbele ya serikali, basi anadhani hana mlango wa kubisha.

Mlango upo. Nimepita ofisi ya serikali ya mtaa, nimepita baraza la kata, nimefika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, na jambo lililonisaidia kote huko ni kujua kwamba leseni ni habari yangu na halmashauri, na pango ni habari yangu na mwenye nyumba. Kila mara upande wa pili ulipotaka kuzikoroga habari hizo mbili kwenye sufuria moja, kazi yangu ilikuwa kuzitenganisha.

Nilikuwa naoka mikate na maandazi Tabata. Nilichukua fremu mbili zilizounganishwa kwa ndani, moja ya oveni na mashine ya kukandia unga, nyingine ya kuuzia. Ilikuwa mwaka 2022, mkataba wa miaka mitatu, kodi inalipwa kwa miezi sita sita kama ilivyo desturi ya mjini. Dalali alikuja na ile karatasi ya mkataba inayouzwa steshenari, yenye nafasi za kujaza majina, kiasi cha kodi na sahihi. Penye matumizi palikuwa pameandikwa "biashara" basi. Mimi nimelelewa na baba mdogo aliyefanya kazi ya ukarani mahakamani miaka mingi, na tangu utotoni nilimsikia akisema karatasi isiyotaja kitu haimlindi mtu. Nikaomba paandikwe: kuoka na kuuza mikate, keki na maandazi, pamoja na kufunga oveni na mashine. Mwenye nyumba hakuona tatizo. Alisaini mbele ya mwenyekiti wa mtaa, muhuri ukapigwa. Mstari ule mmoja ndio ulionibeba baadaye.

Leseni ya mwaka wa kwanza niliipata bila mvutano. Nilikuwa na TIN, ile namba ya mlipakodi, jina la biashara nimelisajili BRELA, wakala wa usajili wa biashara, nina kitambulisho cha taifa cha NIDA, nina cheti cha kumaliza kodi kutoka mamlaka ya mapato, TRA, nina mkataba wa pango. Afisa afya alikuja kuangalia sakafu, maji na choo. Kwa sisi wa vyakula kuna pia usajili wa jengo kwa shirika la viwango, TBS, kazi ambayo tangu mwaka 2019 ilihamishiwa huko kutoka iliyokuwa mamlaka ya chakula na dawa, TFDA. Leseni za biashara kama yangu hutolewa na halmashauri chini ya Sheria ya Leseni za Biashara, Sura ya 101. Zile kubwa za kundi A ndizo za BRELA. Leseni hutaja biashara gani na inafanyika wapi. Ukihama mtaa, ile karatasi haikufuati yenyewe.

Pale TRA ndipo nilipojua mambo mawili ambayo wapangaji wengi huyaona usumbufu. La kwanza ni ushuru wa stempu kwenye mkataba, asilimia 1 ya pango la mwaka. La pili ni kodi ya zuio: mimi ninayelipa pango kwa ajili ya biashara natakiwa kukata asilimia 10 ya kodi ya nyumba na kuipeleka TRA kwa jina la mwenye nyumba, kisha yeye nimpe iliyobaki pamoja na nakala ya risiti. Wenye nyumba hununa sana hapo. Wangu alinuna. Alitaka nimpe pango lake kamili na hiyo asilimia 10 niibebe mwenyewe. Nilimweleza kwa heshima, "Kaka, hii ni kodi yako, mimi ni mjumbe tu wa kuipeleka," nikampa risiti zake, nikabaki na nakala kwenye faili.

Mwaka wa pili, wakati wa kuhuisha leseni, mambo yaligoma. Majirani walikuwa wamepeleka malalamiko ofisi ya mtaa juu ya moshi na mlio wa mashine alfajiri. Afisa mipango miji akaja, akatazama ramani, akasema kiwanja hiki kimesajiliwa kuwa cha makazi. Kuuza mikate kwenye kibanda ni jambo moja, kufunga oveni ya kuokea mamia ya mikate ni jingine. Ombi langu likarudishwa mpaka mwenye kiwanja aombe kubadilisha matumizi.

Sina ugomvi na afisa yule wala na majirani. Nyuma ya ukuta wangu alikuwa anaishi mama mwenye mtoto wa pumu. Ana haki ya kupumua, na sheria ya mipango miji ipo kwa ajili ya watu kama yeye. Nasema hivi kwa sababu wapangaji wengi wakikwama kwenye leseni humalizia hasira zao kwa bwana afya au afisa biashara, wakamsahau aliyewapangisha jengo lisilofaa kwa kazi waliyomwambia wanakwenda kuifanya.

Kubadilisha matumizi kunafanywa chini ya Sheria ya Mipango Miji ya mwaka 2007, na anayeomba ni mwenye ardhi. Mpangaji hawezi kumwombea. Maombi yanakwenda halmashauri, tangazo linatolewa ili mwenye pingamizi ajitokeze, kamati inakaa, ada zinalipwa. Nilimfuata mwenye nyumba nikamweleza yote hayo. Akanijibu, "Mama, wewe oka mikate yako. Hao watu wa manispaa niachie mimi nitaongea nao." Nilipomwomba aombe kwa maandishi, ndipo ukweli ukatoka kidogo kidogo. Hati ilikuwa bado kwa jina la marehemu baba yao. Mirathi haikuwahi kufunguliwa. Yeye ni kaka mkubwa, ndugu zake wamemwachia kukusanya kodi, lakini hakuna mahakama iliyowahi kumteua kuwa msimamizi wa mirathi. Kuomba kubadilisha matumizi kungemlazimu kuwaita ndugu mezani, na hilo hakulitaka kabisa. Isitoshe, alihofia kodi ya ardhi ingepanda kiwanja kikishaitwa cha biashara.

Nataka msomaji wa Tabata, Sinza, Mbagala au popote pale alishike hili la mirathi. Fremu nyingi tunazozipanga ziko mikononi mwa mtoto mkubwa, mjane, shemeji au baba mdogo, na hati ina jina la marehemu. Kodi unalipa vizuri tu, hakuna shida, mpaka siku serikali inapomhitaji mwenye ardhi kwa jina na sahihi. Siku hiyo unagundua kwamba uliyekuwa unamwita mwenye nyumba hana kalamu ya kusaini.

Leseni ilipofika mwisho nilizima oveni. Mabinti wawili niliokuwa nao wakarudi kwao kwa muda. Iliniuma, maana wateja wa mikate wakikukosa kwa wiki wanakwenda kwa mwingine na hawarudi. Lakini sikutaka kuoka bila leseni, kwa kuwa kufanya hivyo ni kosa chini ya Sura ya 101, na nilijua mtu wa kwanza kulitumia kosa hilo dhidi yangu angekuwa mwenye nyumba.

Nilimtafuta msaidizi wa kisheria. Hawa ni watu waliopata mafunzo na kusajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Hawachukui nafasi ya wakili, ila wanakuelekeza na kukusaidia kuandika. Aliyenisaidia ni binti mdogo kwa umri, mkubwa kwa akili. Alisoma mkataba wangu, akaweka kidole kwenye ule mstari wa matumizi, akatabasamu. Akanifungulia Sheria ya Ardhi, Sura ya 113, kifungu cha 88. Kifungu hicho kinaorodhesha ahadi ambazo mwenye nyumba anahesabiwa kuwa amezitoa hata kama mkataba haukuzitaja. Mojawapo ni kwamba mpangaji anayelipa kodi na kutimiza masharti atakaa kwa amani bila kubughudhiwa. Nyingine ndiyo iliyonihusu zaidi: kama pango lilikuwa kwa matumizi fulani maalumu, na eneo haliwezi au haliwezi tena kutumika kwa matumizi hayo, mpangaji anaweza kuuvunja mkataba kwa notisi ya mwezi mmoja.

Kumbe sikuwa mtu aliyeshindwa na leseni akabaki kusubiri huruma. Nilikuwa na haki ya kutoka kwa heshima, na kudai kodi ya miezi ambayo nililipa mbele na sikuitumia.

Tukaandika notisi kwa Kiswahili, ukurasa mmoja. Tukataja mkataba, matumizi tuliyokubaliana, jibu la halmashauri, barua nilizomwandikia nikimwomba abadilishe matumizi, na nia yangu ya kutoka mwezi ukiisha na kurudishiwa salio la kodi. Notisi ilipita ofisi ya serikali ya mtaa, na kwenye nakala yangu mwenye nyumba akasaini kwamba ameipokea. Sahihi ile ya kupokea ina thamani kuliko maneno mazuri ya barua nzima. Simu na ujumbe wa WhatsApp vinaweza kusaidia, lakini mtu akisema "sikuona" unaanza kazi upya.

Mwezi ulikuwa haujaisha alipopata mpangaji mwingine, mtu wa vipodozi, aliyekuwa tayari kutoa kodi ya juu zaidi. Nikaletewa barua inayosema natakiwa kuondoka ndani ya siku saba "kwa kuwa unaendesha biashara bila leseni". Siku saba zenyewe hazikufika. Nilikuta mnyororo na kufuli kubwa mlangoni. Ndani kulikuwa na oveni, mashine ya kukandia, mapipa ya unga, hamira, mafuta, trei, hata daftari langu la madeni ya maduka.

Nilikwenda kituo cha polisi. Askari aliyenipokea alinisikiliza vizuri, akaandika maelezo yangu, kisha akasema, "Dada yangu, hili ni la madai. Nenda baraza." Nilikuwa na hasira, lakini maelezo yale yaliyoandikwa tarehe ileile yalinifaa baadaye kuonyesha ni lini mlango ulifungwa. Vijana wa mtaani walinishauri tuikate kufuli usiku. Nilikataa, kwa sababu nilishaona yaliyompata kijana mmoja wa fremu za barabarani. Yeye alikata kufuli kuchukua vitu vyake mwenyewe, mwenye nyumba akasema kuna fedha zilikuwa ndani zimepotea, na yule aliyekuwa mwenye haki akajikuta anajibu tuhuma za kuvunja na kuiba. Kufuli ya mwenye nyumba ni ushahidi wako. Ipige picha, waite mjumbe na mwenyekiti waione, waandike, halafu iache pale pale.

Swali lililonisumbua siku zile ni hili: je, ana haki ya kunifungia kwa sababu ya leseni? Jibu nililopewa, na ambalo baadaye niliona likikubalika, ni kwamba mwenye nyumba si mkaguzi wa leseni. Mwenye mamlaka ya kunichukulia hatua kwa kufanya biashara bila leseni ni mamlaka ya leseni yenyewe, kwa utaratibu wake. Mwenye nyumba akiona nimevunja mkataba, ana njia yake: ananipa notisi inayotaja kosa, ananipa muda wa kurekebisha, na kama sikurekebisha anakwenda kwenye baraza kuomba amri. Amri ikitoka, anayeitekeleza ni dalali wa baraza, kwa karatasi yenye muhuri. Mnyororo haumo kabisa kwenye njia hiyo.

Wazee wa mtaani waliniambia niende "Baraza la Nyumba". Walikuwa wanakumbuka mambo ya zamani, enzi za Sheria ya Kudhibiti Kodi ya Pango ya mwaka 1984. Sheria hiyo ilifutwa mwaka 2005. Tangu hapo hakuna chombo kinachokupangia kiwango cha kodi ya fremu. Mkataba ukiisha, bei ni maelewano. Migogoro yetu sasa inakwenda kwenye vyombo vya Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Sura ya 216. Na hapo kuna badiliko la mwaka 2021 ambalo watu wengi hawalijui: baraza la kata halitoi tena hukumu. Kazi yake imebaki kusuluhisha. Lakini huwezi kuliruka, kwa sababu Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya halipokei mgogoro unaogusa haki juu ya ardhi mpaka kata ithibitishe kwamba usuluhishi umeshindikana. Kata imepewa siku 30 za kujaribu.

Siku 30 ni nyingi kwa mtu ambaye unga wake unaingia wadudu. Niliwaomba wajumbe wa kata waone dharura hiyo, na walinisikia. Walituita wote wawili. Mwenye nyumba alikuja mara ya kwanza akiwa mkali, akarudia maneno yake yaleyale ya leseni. Mama mmoja mjumbe wa baraza, mtu mzima, akamuuliza kwa upole, "Baba, hiyo leseni imekosekana kwa sababu ya nani?" Hakujibu. Kikao kilichofuata hakutokea, wala kilichofuatia hicho. Kata ikaandika hati kwamba usuluhishi umeshindikana, tukaenda wilayani.

Wilayani nilifungua maombi ya msingi pamoja na maombi madogo ya zuio la muda, yaani amri ya kusimamisha mambo mpaka shauri liamuliwe, yakiambatana na hati ya dharura na kiapo changu. Hapa mtu akipata wakili ni vizuri. Mimi nilisaidiwa kuandaa na kituo cha msaada wa kisheria, nikasimama mwenyewe. Kila kitu kilikwenda kwa Kiswahili. Tangu sheria ilipobadilishwa mwaka 2021 Kiswahili ndicho lugha ya mahakama na mabaraza yetu, na kwa mtu kama mimi hilo ni jambo kubwa sana. Nilisoma nilichokuwa nakiapia, nikaelewa nilichokuwa najibiwa.

Kwenye zuio la muda huulizwi bado nani ana haki ya mwisho. Vipimo vinavyotumika ni vya tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya mwaka 1969: je, kuna jambo zito la kuamuliwa, je, mwombaji atapata hasara isiyoweza kufidiwa kirahisi kama baraza halitaingilia kati, na ni nani kati ya wawili hawa ataumia zaidi zuio likitolewa au likinyimwa. Nilijibu vyote vitatu kwa karatasi: mkataba, jibu la halmashauri, notisi iliyosainiwa, picha za kufuli, maelezo ya polisi, orodha ya mali iliyokuwa ndani. Amri ikatoka kwamba asimwingize mpangaji mwingine wala kuhamisha kitu chochote, na kwamba mlango ufunguliwe mbele ya mwenyekiti wa mtaa ili niokoe vinavyoharibika. Unga mwingi ulikuwa umeshaharibika. Oveni na mashine vilikuwa salama.

Shauri la msingi ndilo lililonifundisha umuhimu wa faili. Wakili wa mwenye nyumba alileta hoja tatu. Alianza na mkataba wangu, akadai haukulipiwa ushuru wa stempu kwa hiyo usipokelewe kama kielelezo. Hoja hiyo ina nguvu kweli. Sheria ya Ushuru wa Stempu, Sura ya 189, inazuia hati isiyolipiwa kupokelewa kama ushahidi mpaka ushuru na adhabu vilipwe. Mimi nilikuwa nimelipa, risiti ipo. Fundi cherehani, aliyefungua shauri lake baada ya kuniona mimi, hakuwa amelipa, na ilibidi alipe ushuru na adhabu juu yake kwanza ndipo mkataba wake uguswe. Kisha wakili akasema nilikuwa nadaiwa kodi, kwamba kila mara nilimpunja mteja wake asilimia 10. Nikatoa risiti za TRA, zote zina jina la mteja wake. Hapo nilimwona mwenyekiti wa baraza akiandika kwa muda mrefu.

Halafu ikaja ile niliyoisubiri: kwamba mtu asiye na leseni hawezi kuja barazani kudai chochote kinachotokana na biashara hiyo. Hapa ndipo nawasihi wapangaji wenzangu muwe makini na mnachokidai. Binti wa msaada wa kisheria alikuwa ameshanikataza kudai faida ya mikate kwa kipindi ambacho leseni ilikuwa imekwisha. "Usiombe baraza likulipe kwa biashara ambayo sheria haikukuruhusu kuifanya siku hizo," aliniambia. Tukadai vitu ambavyo havitegemei leseni hata kidogo: salio la kodi niliyolipa mbele, mali iliyoharibika ndani ya mlango alioufunga yeye, gharama ya kuhamisha oveni, na fidia ya kubughudhiwa kinyume na mkataba. Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, kifungu cha 73, inampa aliyevunjiwa mkataba fidia ya hasara iliyotokana moja kwa moja na uvunjaji huo. Hasara lazima uionyeshe. Nilikuwa na risiti za unga, za hamira, za fundi wa oveni. Kwa hiyo hoja ya leseni haikuwa na kitu cha kushika. Nilikuwa nadai kama mpangaji, na upangaji wangu ulikuwa halali na umelipiwa.

Hatukufika hukumu. Baada ya ushahidi wangu, wakili wake aliomba muda wa kuzungumza, na nadhani ndiye aliyemweleza mteja wake kwamba kuendelea kungemlazimu aeleze barazani alipata wapi mamlaka ya kupangisha nyumba ya marehemu. Tukakubaliana: nirudishiwe kodi ya miezi iliyobaki, nilipwe unga na gharama za kuhamisha, mimi niache madai ya fidia ya usumbufu, malipo kwa awamu. Wapo walioniambia nimekubali kidogo. Nilikuwa na oveni isiyofanya kazi na mabinti wawili wanaosubiri kuitwa kazini. Kwangu fedha ya mwaka huo ilikuwa na maana kuliko fedha kubwa ya miaka ijayo. Lakini nilikataa katakata kusaini makubaliano hayo ofisini kwa wakili na kwenda nyumbani. Nilitaka yaingizwe kwenye kumbukumbu za baraza yawe hukumu ya maridhiano. Tofauti yake ni kubwa: makubaliano ya pembeni yakivunjwa unafungua kesi mpya, hukumu ikivunjwa unaomba ikazwe, yaani itekelezwe kwa nguvu ya baraza.

Oveni sasa iko Buguruni. Kabla ya kulipa hata shilingi niliomba kuona hati, nikaomba kumbukumbu za kiwanja zikaguliwe ofisi ya ardhi, nikauliza kwa afisa mipango miji kama shughuli yangu inaruhusiwa pale. Mwenye nyumba wa sasa, bibi mmoja mtulivu, alishangaa kidogo kisha akasema ningekuwa binti yake angenishauri hivyo hivyo. Mkataba wetu una kifungu kinachosema ikiwa leseni itakataliwa au kutohuishwa kwa sababu inayotokana na kiwanja au jengo, mpangaji anaweza kutoka kwa notisi ya mwezi mmoja na kurudishiwa kodi yote ambayo hajaitumia ndani ya siku 30; ikikataliwa kwa sababu ya mpangaji mwenyewe, mwenye nyumba hawajibiki. Ule upande wa pili niliuandika mimi kwa hiari yangu. Ni haki na yeye alindwe.

Mwenye nyumba wa Tabata alilipa awamu mbili za mwanzo vizuri, ya tatu haikuja. Nilipeleka ombi la kukaza hukumu, akaitwa aeleze kwa nini mali yake isikamatwe. Fedha ilikuja kabla ya tarehe ya kuitwa, na aliyeileta alikuwa dada yake. Huyo ndiye mahakama imemteua sasa kuwa msimamizi wa mirathi. Ndugu walikaa hatimaye. Ameshapeleka maombi ya kubadilisha matumizi ya kiwanja, na aliniuliza kama yakikubaliwa nitarudi na oveni yangu, maana fremu bado ziko tupu. Nimemwambia aanze kuzungumza na yule mama wa nyuma mwenye mtoto wa pumu, na bomba la moshi lipandishwe juu ya paa. Karatasi ikitoka na jirani akiridhika, nitakuja na mkataba wangu tuusome pamoja.